Shahidi wa Walio Mbali

Mhadhara uliotolewa mbele ya wakazi wa Kabimba, Kalemie



Juu ya simu na upendo wa mbali zipo hotuba mbili ambazo kila mmoja wenu anazijua kabla msemaji hajafungua kinywa. Ya kwanza inasifu: simu imeua umbali, mtoto aliye Marekani tunamwona kana kwamba yuko barazani. Ya pili inalaumu: simu imeua maongezi, watu wamekaa mkeka mmoja na kila mtu ana safari yake. Hotuba zote mbili zina kasoro moja. Zinadhani kwamba zamani, kabla ya skrini, watu walikaa pamoja, na umbali umekuja jana.

Kabimba haiwezi kudhani hivyo. Hapa kiwanda cha saruji kimewavuta wanaume kutoka vijiji vya ndani, wakaacha wake na watoto nyuma. Hapa ziwa linawachukua wavuvi jua likitua na kuwarudisha alfajiri, na wengine huhamia kambi za uvuvi kwa msimu mzima. Hapa vita vimewavusha watu ng'ambo, na wengi hawakurudi. Kwa hiyo swali langu leo si kama skrini imetuleta karibu au imetutenga. Ninauliza hivi: walio mbali walipendanaje kabla ya skrini, na katika mbinu zao, ni ipi tumeitupa bila kujua?

Jibu langu nitalisema mapema, ili mpate kunibishia ninapoendelea. Ukaribu wa watu walio mbali haujawahi kuwa jambo la watu wawili. Siku zote ulikuwa na wa tatu: aliyebeba barua, aliyesikia, aliyejua kwamba fulani ni wa fulani. Huyo ninamwita shahidi. Skrini imetupa faragha, na faragha tuliihitaji. Lakini imemwondoa shahidi, na mengi tunayoilaumu simu yanatokana na kuondoka kwake.

Umbali wetu ni wa zamani

Ziwa Tanganyika lina urefu wa kilomita zaidi ya 670, na nchi nne zinakunywa maji yake: Kongo, Tanzania, Burundi na Zambia. Katika karne ya kumi na tisa misafara ya pembe na ya watumwa ilivuka kutoka Ujiji hadi Mtowa, kwenye pwani hii yetu ya magharibi. Kiswahili ninachosema nanyi sasa kilivuka pamoja nao. Mwaka 1915 reli kutoka Kabalo ilifika ziwani, mahali palipoitwa Albertville, ndipo Kalemie ya leo, ikaunganisha ziwa na mto Lualaba. Tangu hapo kazi ikawa inamhamisha mtu mbali kuliko miguu yake ingeweza kumfikisha.

Kisha vikaja vita. Mwaka 1996 kambi ya Nyarugusu ilifunguliwa huko Kasulu, mkoani Kigoma, kupokea waliokimbia kutoka upande wetu. Mwaka 1998 vita vya pili vilipoanza, Kalemie ikaangukia mikononi mwa waasi wa RCD. Lubumbashi ilibaki upande wa serikali ya Kinshasa, kwa hiyo baba aliyekuwa Lubumbashi na watoto waliokuwa Kalemie walijikuta ghafla wamo katika nchi mbili ndani ya nchi moja. Baadaye mapigano kati ya Watwa na Waluba yakawahamisha maelfu ya watu ndani ya mkoa wetu wenyewe.

Sasa tuulize: katika miaka hiyo yote, habari za mpendwa zilifikaje?

Zilifika kwa mtu. Ulimpa barua mwenye boti, au fundi wa reli, au mama anayepeleka dagaa sokoni. Barua ilikuwa nusu tu ya ujumbe. Nusu ya pili aliibeba mjumbe machoni mwake. Mpokeaji hakufungua bahasha kwanza. Alimkaribisha mjumbe, akampa maji, akamwuliza: Umemwona kwa macho yako? Amekonda? Nyumba ina bati au nyasi? Yupo na nani? Maswali hayo barua haikuweza kuyajibu, kwa sababu mwandishi wa barua ana haki ya kuficha. Mjumbe hana sababu ya kuficha, na ndiyo maana wahenga walisema mjumbe hauawi: walijua kwamba siku nyingine ataleta lisilotakiwa.

Enzi ya foni

Wenye umri wangu mnaikumbuka foni: ile redio ya kuitana, yenye betri ya gari na waya mrefu uliotundikwa mtini au juu ya bati. Ilikuwa kwenye misheni, au kwenye duka la mfanyabiashara. Kulikuwa na saa yake na masafa yake. Ulituma neno kwamba Jumamosi fulani mama yako asogee kwenye foni ya kwao, nawe ukasogea kwenye ya kwako, ukalipa dakika zako.

Na pale palikuwa na watu. Benchi lote lilikusikia. Mwendesha foni alikusikia. Yeyote mwenye redio kwenye masafa yale, hata Moba, hata Uvira, alikusikia. Tena hamkuweza kusema pamoja. Ulipomaliza ulisema «à vous», ukaachia kitufe, ndipo mwenzako akasema. Aliyemkatiza mwenziwe hakumsikia.

Vijana wanacheka nikiwasimulia: utamwambiaje mpenzi wako neno tamu mbele ya benchi zima? Ukweli ni kwamba watu walimwambia. Walijifunza kusema kwa mafumbo, kwa majina ya utani, kwa kumtaja shangazi asiyekuwepo. Lakini mafumbo si hoja yangu. Ninataka mtazame kilichotokea baada ya foni kuzimwa. Wale wa kwenye benchi walirudi nyumbani wakijua. Walijua kwamba yule binti ana mchumba Lubumbashi na mchumba amethibitisha kwa sauti yake. Walijua kwamba fulani ameahidi kutuma ada ya shule mwezi ujao. Mwezi ukipita bila ada, mwendesha foni mwenyewe alimwuliza: Bwana, ile ahadi imekuwaje? Ahadi iliyosemwa mbele ya watu ina miguu ya kumfuata aliyeisema.

Palipokosekana foni, palikuwa na karatasi ya Msalaba Mwekundu. Wengi hapa mliandika au mlipokea moja wakati wa vita. Karatasi ile haikuwa na bahasha. Iliachwa wazi ili kila kizuizi kiweze kuisoma, na iliruhusu habari za familia tu: nani yuko hai, nani amezaliwa, nani amefariki. Siasa na vita havikuandikwa. Watu wa kujitolea waliibeba kwa miguu na kwa baiskeli, na karatasi ilikuwa na nafasi ya jibu. Hebu fikirini: barua ya mapenzi ya mama kwa mwanawe, wazi, ikipita mikononi mwa wageni na mbele ya askari, na bado ikafika na uzito wake wote.

Redio nazo zilifanya kazi hiyohiyo. Mwaka 1994, baada ya mauaji ya Rwanda, BBC ilianzisha matangazo kwa Kinyarwanda na Kirundi, na kazi yake mojawapo ilikuwa kusoma majina ya waliopotezana ili ndugu wawatafute. Upande wa Tanzania, Radio Tanzania Dar es Salaam ilikuwa na vipindi vya salamu: msikilizaji alinunua kadi ya salamu, akaandika majina ya awapendao, na mtangazaji akayasoma kwa nchi nzima. Kulikuwa na kipindi cha kuwapa pole wagonjwa walio hospitalini. Mtu mwenye haraka atauliza: salamu hizo zina maana gani, ikiwa kila aliyetajwa anajua kwamba anapendwa? Zilikuwa na maana kwa sababu sasa na wengine walijua.

Simu inaingia

Simu ya mkononi ilifika Kinshasa katika miaka ya 1980 kupitia kampuni ya Telecel, lakini ilikuwa ya wakubwa. Kwetu sisi wa kawaida ilikuja baada ya mwaka 2000, mitandao ilipoanza kushindania wateja. Kwanza ilikuwa sauti tu, na unite, yaani muda wa maongezi, zilikuwa ghali, basi tukabuni kubipu: unapiga, inalia mara moja, unakata. Mtafiti Jonathan Donner, aliyefanya kazi yake Rwanda, aliandika mwaka 2007 juu ya kanuni za kubipu. Alionyesha kwamba watu walikuwa na adabu kamili isiyoandikwa popote. Mwenye nacho ndiye anayepiga. Kijana anayemchumbia msichana hambipu, anapiga, la sivyo atachekwa. Na kuna bipu isiyoomba kupigiwa, isemayo tu: nimekukumbuka. Hayo yote bila neno moja.

Mwaka 2012 M-Pesa ilianza Kongo, na kutuma pesa kukawa namna ya kusema. Mwaka 2013 WhatsApp ikaongeza ujumbe wa sauti, huu tunaouita audio. Kwa maoni yangu hakuna kifaa kilichotufaa zaidi ya hicho. Bibi asiyejua kusoma hahitaji tena mjukuu amwandikie. Anabonyeza, anasema, anakohoa katikati, jogoo anawika nyuma yake, na mwanawe aliye Lexington, Kentucky, Marekani, anasikia ua wa nyumbani. Audio haina haja ya wote wawili kuwa macho saa ileile. Hapa ikiwa saa moja jioni, wakati wa majira yao ya joto, huko ni saa saba mchana na mtu yuko kazini. Atasikiliza akitoka.

Sisemi basi kwamba zamani palikuwa pema. Foni ilikuwa na madhara yake, na wa kwanza kuyabeba walikuwa wanawake. Mama aliyepigwa na mumewe angesemaje mbele ya benchi, hasa kama mwendesha foni ni binamu wa mume? Binti aliyeozwa asikotaka angelia kwa nani? Simu ilipomfikia mwanamke mkononi, aliweza kwa mara ya kwanza kusema na dada yake wawili tu, usiku, chini ya shuka. Mtu akiniambia turudishe foni, nitamwuliza kwanza kama amewauliza wanawake.

Mjumbe amepoteza uso

Lakini tusijidanganye kwamba siku hizi hakuna wa tatu. Yupo. Ikumbukeni Desemba 2018. Uchaguzi ulifanyika tarehe 30, na kesho yake intaneti ikakatwa nchi nzima, ikakaa imekatwa takriban wiki tatu, hadi katikati ya Januari ikapita. Mwaka mpya ulifika na mtu hakuweza kumpa heri mwanawe aliye Marekani. Watoto walizaliwa, wagonjwa walikufa, na audio hazikwenda. Siku zile tulijua kwamba katikati yetu na wapendwa wetu bado kuna mtu ameketi. Tofauti ni kwamba huyu hatumjui jina, hatuwezi kumpa maji, hatuwezi kumwuliza kama mwenzetu amekonda. Anazijua saa tunazoamka na watu tunaowapigia, wala hatajibu siku ahadi itakapovunjwa.

Hii ndiyo hali ninayoitaka muione vizuri. Mwendesha foni alitusikia na akatuwajibikia. Mjumbe wa leo anatusikia, na hawajibiki kwetu. Tumebaki na sikio la mtu wa tatu, bila ushahidi wake.

Tazameni matokeo katika mambo matatu.

La kwanza ni ndoa. Sheria ya Familia ya Kongo ya mwaka 1987 inadai makubaliano ya mahari kati ya mchumba na familia yake kwa upande mmoja, na wazazi wa binti kwa upande mwingine. Kanisa Katoliki hutangaza majina ya wachumba ili mwenye kipingamizi aseme. Ndoa ya Kiislamu inataka mashahidi wawili. Sheria, kanisa na msikiti havikukaa kikao kimoja, lakini vimefika mahali pamoja: wawili hawatoshi. Leo kijana anachumbia kwa video miaka miwili, anatuma pesa, anaitwa mume, na hakuna mtu hata mmoja Kabimba aliyewahi kumwona akiwa na wenzake. Akitoweka, amezuia namba tu. Binti hana pa kwenda kushtaki, maana mapenzi yote yalikuwa ndani ya simu moja, na simu ikipasuka hata yeye mwenyewe hana cha kuonyesha.

La pili ni watoto. Watafiti Mirca Madianou na Daniel Miller waliandika mwaka 2012 kitabu juu ya akina mama wa Ufilipino wanaofanya kazi Uingereza na kuwalea watoto wao kwa simu na kompyuta. Akina mama waliona kwamba sasa wanaweza tena kuwa mama kamili. Watoto, walipoulizwa, wengi hawakuwa na hakika kama hiyo. Sishangai. Mama anamwona mtoto kwenye skrini na moyo wake unajaza yaliyobaki, kwa sababu alimbeba tumboni. Mtoto aliyeachwa akiwa na miaka miwili hana cha kujazia. Anahitaji mtu wa karibu wa kumwambia kila siku: sahani hii imetoka kwa mama yako, kiatu hiki ni jasho la baba yako. Wahenga wanasema asiyekuwepo na lake halipo. Kazi ya shahidi ni kuikanusha methali hiyo ndani ya nyumba: kuhakikisha asiyekuwepo, lake lipo.

La tatu ni kilio. Siku hizi tunarusha mazishi moja kwa moja, na ni vizuri, maana aliye mbali anaona kaburi. Lakini video inapokwisha, aliye Lexington anabaki peke yake chumbani na kiatu cha kazi mguuni. Huku matanga yana siku zake, watu wanalala uani, wanapika, wanazungumza habari za marehemu. Huko hakuna anayejua kwamba jirani amefiwa. Tulimpelekea picha, hatukumpelekea watu. Laiti mmoja wetu angempigia Mkongo mwingine wa mji uleule na kusema: fulani amefiwa na mama, nendeni mkakae naye. Simu hiyo moja ingefaa kuliko saa tatu za video.

Shahidi si mpelelezi

Najua kipingamizi kinachowawasha vijana: huyu anataka wazee waturudie ndani ya simu zetu. La. Tayari kuna waume wanaopekua simu za wake zao, na wazazi wanaodai namba za siri. Huo si ushahidi, ni upelelezi, na ninaupinga.

Tofauti ni hii. Shahidi anachaguliwa na wote wawili, na wote wawili wanajua kwamba amechaguliwa. Mpelelezi anajichagua. Shahidi anajua kwamba uhusiano upo na kwamba fulani ameahidi jambo fulani, wala hahitaji kusoma maneno ya usiku. Mpelelezi anataka maneno ya usiku, na ahadi hazimhusu. Shahidi anaweza kuondolewa. Na jambo kubwa kuliko yote: shahidi anawajibika kwa aliye mbali sawasawa na aliye karibu. Mama mkwe anayeripoti makosa ya mke peke yake, na kunyamazia ya mwanawe, hana sifa ya kazi hii.

Faragha ya wapendanao ibaki yao. Ninachoomba kisiwe siri ni kule kuwapo kwa upendo wenyewe.

Tunaloweza kufanya

Nina mapendekezo manne, na hakuna hata moja linalohitaji fedha ya wafadhili.

Kwanza, kila anayeondoka, awe anakwenda Kigoma, Lubumbashi au ng'ambo ya bahari, amtaje shahidi wake mbele ya nyumba mbili kabla ya kupanda boti. Si lazima awe mzee. Awe mtu anayeaminika pande zote, mwenye namba za pande zote. Na akifika aendako, atafute wa pili huko.

Pili, mara kwa mara iwepo simu ya uani. Sauti ifunguliwe, watu waketi, kila mmoja aseme kwa zamu na amwache mwenzake amalize, kama tulivyofanya kwenye foni. Ahadi za ada, za dawa, za mahari zisemwe hapo. Mengine yasemwe faraghani.

Tatu, shahidi ndiye awe ngao yetu dhidi ya matapeli. Leo mtu anaweza kuigiza sauti ya mwanao kwa mashine, akalia kwamba amelazwa, atumiwe pesa. Kabla ya kutuma, mpigie shahidi aliye karibu na mwanao. Tapeli anaweza kuiba sauti ya mtu mmoja, lakini ni kazi nzito kwake kuwaiba watu wawili wanaojuana.

La nne linawahusu ninyi vijana mliosimama huko nyuma. Katika nyumba nyingi za Kabimba kuna kijana mmoja mwenye simu kubwa, naye ndiye anayemfungulia bibi audio, anayemnunulia mega za intaneti, anayemshikia skrini akiongea na mwanawe. Anasikia vilio, anasikia madeni, anajua nani ametuma na nani ameacha kutuma. Huyu ndiye mwendesha foni wa leo. Hatujawahi kumfundisha kazi yake, wala kumshukuru. Tunamwita mtoto wa simu na kumtuma kama tunavyomtuma dukani.

Kijana, kazi hiyo ina masharti mawili. La kwanza ni kufunga mdomo juu ya yaliyosemwa. La pili ni kufungua mdomo juu ya yaliyofichwa. Bibi atamwambia mwanawe kwamba hajambo, na wewe unajua kwamba ana wiki mbili halali kwa kifua. Mwana naye atasema kazi ni nzuri, na wewe umeona nyuma yake chumba kisicho na kitanda. Wakati huo skrini imeshindwa, maana imeonyesha walichotaka kuonyesha. Omba ruhusa, kisha sema. Mwambie aliye mbali: bibi anaumwa, tuma dawa. Mwambie bibi: mwanao anateseka, usimwombe bati mwezi huu. Huenda wakakukasirikia wote wawili. Wajumbe waliotutangulia walikasirikiwa vilevile, na kwa sababu walisema hata hivyo, familia zetu zilivuka vita zikiwa bado familia.

Sasa ni zamu yenu.